Rambo zimeondoka, chandimu bado inadunda

Tarehe 1 Juni 2019 Tanzania ilipiga marufuku mifuko ya plastiki ya kubebea bidhaa. Wauza genge walijiuliza nyanya watazifungia nini, na akina mama wengi wakarudi kwenye vikapu vya ukindu. Kundi moja halikuulizwa neno: watoto wa chandimu, soka la mtaani. Kwao mfuko huo, rambo, ulikuwa malighafi. Ndani iliwekwa sponji au soksi kuukuu, ikafuata rambo juu ya rambo, kila moja ikikazwa na kupinduliwa, kisha mpira mzima ukafungwa kamba ya katani au utepe wa tyubu ya baiskeli mpaka ukashikamana. Waliotaka udunde vizuri zaidi walipuliza kondomu za bure za zahanati na kuzizungushia matambaa. Watu wazima wanalijua hilo, ila hulisema kwa sauti ya chini.

Kenya ilikuwa imetangulia, tarehe 28 Agosti 2017, tena kwa ukali: faini ya hadi Sh4 milioni au kifungo cha hadi miaka minne. Ukiisoma sheria ile neno kwa neno, mpira wa juala, jina la mifuko hiyo huko, uliokuwa ukipigwa kwenye vichochoro vya Nairobi na Kisumu uligeuka mali ya magendo kati ya usiku na asubuhi. Sijasikia mtoto aliyeshtakiwa.

Watoto hawakuandamana. Walitazama kilichobaki barabarani wakaanza upya. Mpira wa uswahilini siku hizi una vipande vya sandarusi, fulana za mtumba zilizochanika na vifungashio laini vya dukani, na nyuzi za sandarusi ndizo zinazoukaza. Ni mzito kidogo, na ukipita kwenye dimbwi hunywa maji kama godoro. Lakini unapigika, na magoli bado yanabishaniwa kwa sababu mlingoti ni tofali.

Mpira huu unaonyesha jambo ambalo picha za watoto na magari yao ya makopo huliacha nje. Tumezoea kuziangalia picha hizo kwa macho mawili tu. Jicho la kwanza linaona umaskini, likahuzunika. La pili linaona kipaji, likapiga makofi. Yote mawili hayatazami kilichomo mikononi mwa mtoto: kitu kilichotengenezwa kwa taka fulani, za mwaka fulani, za mtaa fulani. Taka zikibadilika, ufundi unabadilika. Na taka zetu zimebadilika sana.

Chukua gari la waya. Mtu mzima hulitupia jicho moja akaona waya uliokunjwa. Anayelitengeneza ana kazi kubwa zaidi ya hiyo. Waya wa kufungia nondo, unaookotwa kwenye nyumba zinazojengwa, hukunjika kwa mkono mtupu, lakini bodi yake hulegea siku ya kwanza. Waya wa fensi hushika umbo, ila unataka koleo, na koleo la baba haliazimwi kirahisi. Wenye uzoefu huchanganya: mgumu kwa chesisi, laini kwa madirisha na keria. Maungio hayachomelewi, hufungwa kwa utepe mwembamba wa tyubu uliovutwa mpaka mwisho wake. Ekseli lazima izunguke bila kuchomoka, kwa hiyo kila upande huwekewa kizuizi cha mpira. Kisha inakuja stelingi: waya mrefu au fimbo inayopanda kutoka ekseli ya mbele hadi usawa wa kifua cha dereva na kuishia kwenye usukani wa duara. Mtoto hukimbia nyuma ya gari lake akiwa wima, anakata kona kwa mikono miwili, midomo ikifanya kazi ya injini, breki na honi. Ekseli ikipinda hata kidogo gari linavuta upande, na hakuna wa kulaumiwa ila mwenyewe, maana yeye ndiye mtengenezaji, ndiye dereva, ndiye fundi gereji, na mara nyingine ndiye trafiki anayejisimamisha.

Tairi nazo zina siasa zake. Ndala iliyokatika kamba hukatwa kwa wembe kufuata duara la kifuniko, kisha kingo zake husuguliwa kwenye sakafu ya saruji mpaka ziwe za mviringo kweli. Tairi la ndala ni pana, linapita mchangani bila kuzama. Kizibo cha soda ni chembamba. Mchangani kinazikwa, lakini kwenye sakafu na lami kinakimbia na kulia. Hivyo mtoto wa mtaa wenye mchanga na mtoto wa mtaa wenye lami hawavalishi magari yao tairi za namna moja. Kutoboa kizibo katikati kunataka msumari, jiwe na subira, kwa sababu tundu likikosea kidogo gari linachechemea. Vizibo vyenyewe viligombaniwa na wateja wa aina mbili: watoto wenye magari na wazee wa drafti.

Vijijini kwenye mahindi na mtama, ambako waya ni mali adimu, kazi hiyo hufanywa na bua. Ganda lake hupasuliwa kuwa vijiti vya kuchomekea, na moyo wake mlaini hupokea vijiti hivyo bila gundi wala msumari. Malawi, magari haya huitwa galimoto, na mwaka 1990 Mmarekani Karen Lynn Williams, aliyewahi kuishi huko, alitoa kitabu cha watoto chenye jina hilohilo.

Sasa angalia dukani. Mkenya aliyepita miaka hamsini atakuambia habari za malori ya makopo ya Kimbo na Cowboy. Mtanzania wa rika lake atakutajia kopo la Blue Band, la maziwa ya unga au la dawa ya viatu. Bati lilikuwa na tabia njema. Lilikatika kwa mkasi mkubwa, lilikunjika, lilishika kona, na koroboi iliyotengenezwa na fundi wa mtaani ilitoka kwenye bati hilohilo. Leo mafuta ya kupikia huja kwenye dumu la plastiki au pakiti, na soda nyingi hunywewa kwenye chupa za plastiki. Dumu la lita tano likikatwa ubavu ni lori zuri la tipa, halihitaji kukunjwa wala kupigwapigwa. Kifuniko cha chupa hutobolewa kwa msumari uliopashwa moto, kwa muda wa kusema jina lako, na moshi wenye harufu mbaya unapanda puani. Gari la sasa linakamilika upesi kuliko la zamani. Ila likivunjika, plastiki haikunjwi tena ikarudi, inatupwa, linatafutwa dumu jingine.

Hata muundo wa magari unafuata barabara. Tangu mabasi ya mwendokasi yaanze kubeba abiria Dar es Salaam Mei 2016, mtoto wa boksi na gundi alipata tatizo jipya la kiufundi: basi refu linalopinda katikati. Jibu lake ni karatasi iliyokunjwa mikunjomikunjo kama kordioni kati ya maboksi mawili. Huko Nairobi, kazi kubwa ya mtengeneza matatu ya boksi ni rangi. Matatu bila michoro ni boksi tu.

Kuna kitu kimoja ambacho taka za leo zimeongeza. Magari ya plastiki ya kigeni, yanayouzwa Kariakoo na kwenye kila stendi, hayana maisha marefu. Gurudumu likivunjika hakuna spea. Lakini ndani ya yale yanayotumia betri kuna mota ndogo, na mota hiyo huanza maisha yake ya pili siku gari linapokufa. Deki ya DVD iliyoharibika nayo ina mota zake, spika mbovu ina sumaku na waya mwembamba wa shaba. Mtoto mwenye mota moja na mawe mawili ya tochi ana feni, ana boti yenye panga la kipande cha chupa, ana gari linaloondoka lenyewe huku wenzake wakipiga kelele. Kwa maoni yangu hiyo ndiyo faida kubwa ya gari la dukani: kufa mapema likiwa na mota nzima.

Simu janja zilizokufa, kinyume chake, zinawaangusha watoto hawa. Zimegandishwa kwa gundi, ndani hakuna skrubu inayojibu bisibisi ya kawaida, na kilichomo ni vigumu kwa mtoto kukipa kazi nyingine. Redio ya kaseti ilifunguka. Simu haifunguki. Ukitaka kujua kwa nini watoto wa mjini wanaotengeneza vitu wanapungua, anza kuuliza kabla ya kuwalaumu: tumewatupia nini cha kufungua?

Nimezungumza mno habari za magari, na hilo nalo ni kosa la kawaida la makala za namna hii. Gari la waya hupigwa picha, mwanasesere hapigwi. Wasichana wana karakana yao, na vifaa vyake hutoka chini ya cherehani ya fundi: vipande vya kitenge, mabaki ya bitana, nyuzi zilizokatika. Gunzi la mahindi ni mwili, na ndevu za hindi ni nywele. Asiye na gunzi hung'oa shada la nyasi pamoja na mizizi, akaosha udongo, na ile mizizi ikawa nywele za kusukwa. Vidole vinavyosuka mabutu saluni leo, vingi vilianzia hapo. Mwanasesere wa kitambaa ni kazi ngumu kuliko gari, nathubutu kusema, kwa kuwa gari lina mistari iliyonyooka na mtoto wa bandia hana hata mmoja. Anapaswa kushonwa nje ndani, kupinduliwa, kujazwa pamba au matambaa bila kuvimba upande, kisha kufanyiwa shingo inayosimama. Shingo ndiyo inayowashinda wengi.

Na mpira wa rede? Soksi iliyojazwa vitambaa na kushonwa mdomo. Uwe mzito wa kutosha kufika kwa aliyelengwa, mwepesi wa kutosha usimuumize. Vipimo hivyo viwili havimo kwenye kitabu chochote, lakini kila msichana wa mtaani anavijua.

Pwani mambo ni mengine. Kwenye vijiji vya wavuvi vya Unguja na visiwa vya Lamu, mtoto hatengenezi gari kwanza, anatengeneza chombo. Kipande cha mti laini au ndala nene hukatwa umbo la ngalawa, kikawekewa ndubi mbili na mirengu yake, mlingoti wa kijiti, foromali, na tanga la mfuko au kipande cha sandarusi. Hapo ndipo somo linapoanza. Tanga likiwa kubwa chombo kinapinduka, likiwa dogo kinabaki nyuma. Ndubi zikiwa juu mno hazigusi maji, zikiwa chini zinakokota. Watoto hushindanisha vingalawa vyao maji yanapojaa, wakikimbia ufukoni sambamba navyo. Baba akiwa mvuvi hawezi kujizuia, ataingia majini arekebishe tanga.

Watoto hao wamewahi kuwafundisha wakubwa. Mwaka 1997, mtaalamu wa mazingira ya bahari Julie Church alikuwa Kiwayu, kaskazini ya Lamu, pwani ambayo bahari huitapikia ndala kutoka nchi za mbali. Aliwaona watoto wa kijiji wakizigeuza kuwa vitu vya kuchezea. Kutokana na hilo ilizaliwa kazi iliyokuja kuitwa Ocean Sole, ambayo mafundi wake nchini Kenya huchonga twiga, kobe na vifaru kutoka kwenye ndala zilizookotwa na kuviuza duniani kote. Miaka zaidi ya 20 baadaye, Lamu hiyohiyo ilishusha majini Flipflopi, dau lenye urefu wa mita tisa hivi lililoundwa kwa takriban tani 10 za taka za plastiki na kuvalishwa ndala 30,000 za rangi zote, chini ya usimamizi wa fundi wa majahazi Ali Skanda. Lilizinduliwa Septemba 2018, na mwanzoni mwa 2019 likasafiri kutoka Lamu hadi Zanzibar, kama kilomita 500. Wageni walishangaa. Mtoto wa Kiwayu angeuliza tu kwa nini wamechelewa.

Goma, mashariki ya Kongo, mpaka kati ya kitu cha kuchezea na chombo cha kazi umefutika kabisa. Chukudu ni baiskeli ya mbao isiyo na pedali, yenye magurudumu mawili ya mti yaliyovalishwa mpira wa tairi la gari. Mwendeshaji hupiga goti moja juu ya kipande cha mpira na kusukuma kwa mguu wa pili. Chukudu kubwa hubeba magunia ya viazi, mkaa na mbao, mamia ya kilo, kutoka milimani hadi sokoni. Watoto wana zao ndogo, wanateremka nazo kilima kwa kelele. Mji umeiheshimu: kwenye mzunguko wa barabara imesimama sanamu ya rangi ya dhahabu ya mtu na chukudu yake. Miji mingi huwajengea sanamu majenerali.

Wazo kwamba mabaki ni kifaa cha kuchezea, wasomi wa Ulaya nao walilifikia kwa njia ndefu. Mwaka 1943, Denmark ikiwa chini ya majeshi ya Ujerumani, mbunifu wa bustani C. Th. Sørensen aliweka wazo lake kwenye majaribio huko Emdrup, Copenhagen. Alikuwa amebuni viwanja vya michezo vizuri, halafu akagundua kwamba watoto wanavipita na kwenda kucheza kwenye mabaki ya ujenzi. Basi akawapa mabaki: mbao, matofali, mabati, misumari, na mtu mzima mmoja wa kuangalia. Baada ya vita Mwingereza Lady Allen wa Hurtwood aliona kiwanja hicho, akaipeleka fikra hiyo Uingereza, ambako miji ilikuwa na maeneo mengi yaliyobomolewa kwa mabomu. Mwaka 1971 msanii wa Uingereza Simon Nicholson aliandika kwamba ubunifu wa mtoto hutegemea wingi na aina ya vitu anavyoweza kuvihamisha, kuvichanganya na kuvibadilisha mahali alipo. Bembea ya chuma iliyofukiwa kwenye zege ina matumizi mawili, mbele na nyuma. Rundo la taka halina idadi.

Hapa ndipo wengi humtaja William Kamkwamba wa Malawi, na sina budi kumtaja. Alikuwa na umri wa miaka 14 njaa ilipomtoa shuleni, akasoma vitabu vya maktaba ya kijiji, na mwaka 2002 akasimamisha kinu cha upepo kwa feni ya trekta, fremu ya baiskeli, dainamo na mabomba ya plastiki. Hata swichi za taa alizibuni kwa vipande vya ndala. Kitabu chake kilitoka 2009, filamu 2019. Habari yake ni ya kweli na ni kubwa. Ila tumeigeuza kuwa risiti: kila mtoto mwenye waya lazima awe mhandisi mtarajiwa, vinginevyo uchezaji wake haukuwa na maana. Wengi wa watoto hawa watakuwa makondakta, walimu, wauza mitumba, mama wa nyumbani. Gari lao lilikuwa halali hata hivyo.

Tusiwapambe pia. Jalala lina sumu. Bomba la sindano hutamaniwa sana kwa sababu linarusha maji, na ni kitu hatari mno. Mawe ya tochi yaliyovuja hula ngozi, na betri ya gari ina tindikali na risasi ambayo mwilini mwa mtoto haitoki kirahisi, huku ikimharibu ubongo. Kuchoma nyaya ili kupata shaba ni kuvuta moshi wa sumu. Matairi na makopo yaliyoachwa mvuani ni nyumba ya mbu aina ya Aedes, anayeeneza homa ya dengi, iliyoisumbua Dar es Salaam 2014 na tena 2019. Anayesema mtoto aachiwe jalala zima hajawahi kulikanyaga akiwa peku.

Shule nazo zina uhusiano wa ajabu na jambo hili. Darasa la kwanza huagizwa kuleta vizibo na vijiti vya kuhesabia, na walimu vyuoni hufundishwa kutengeneza zana kwa vitu vinavyopatikana mtaani. Kenya, mtaala wa umilisi (CBC) ulipoanza kuwataka wanafunzi watengeneze vitu nyumbani, wazazi walilalamika hadharani kwamba kazi wanaifanya wao usiku, na malighafi wanazinunua. Matokeo yake ni mwanasesere aliyeshonwa na mama, akapewa alama nzuri kwa jina la mtoto. Mtoto yuleyule alikuwa na gari lake nyuma ya nyumba, la sandarusi na vifuniko, lililotupwa Jumamosi wakati wa usafi. "Toa takataka zako humu ndani!" Nani hajawahi kuambiwa hivyo, au kusema hivyo?

Sheria iko upande wa mtoto. Kifungu cha 31 cha Mkataba wa Haki za Mtoto wa 1989 kinamhakikishia kucheza, na Sheria ya Mtoto ya Tanzania ya 2009 inamwekea mzazi wajibu wa kumpatia mtoto nafasi ya kucheza na kupumzika, pamoja na chakula, malazi na elimu. Tangu 2024 Umoja wa Mataifa umeitenga tarehe 11 Juni kuwa siku ya kimataifa ya michezo ya watoto. Lakini sheria haimpi mtoto waya, na haimwondolei twisheni ya Jumamosi.

Anayeweza kumpa ni fundi wa mtaa. Fundi cherehani, usichome mfuko wa vipande vya vitambaa jioni. Fundi seremala, weka pembeni mbao fupi zisizokatika tena. Fundi gereji, tyubu mbovu na ekseli ndogo za feni ni vya thamani kwa mtu fulani anayepita mlangoni pako akitoka shule. Wekeni boksi moja nje, na mkipata dakika, mwonyesheni mtoto namna ya kushika koleo. Mzazi, kabla ya kufagia nje kile kitu cha waya kilicho chini ya kitanda, muulize mwenyewe kama kimekamilika. Mabomba ya sindano, betri na vioo visiingie kwenye boksi hilo.